Sauti ya Mwalimu Paluku Ndani ya Diski

Nimeacha kazi kwa sababu ya macho. Herufi zimeanza kushikana, na mtu anayebadilisha michezo ya mashine akishindwa kutofautisha 8 na B, bora akae nyumbani achambue maharagwe. Ninyi wa atelier, karakana yetu, mmeniomba niandike jinsi kazi ilivyokuwa zamani, enzi za ile mashine nyeusi ya diski, kabla kila kitu hakijaingia kwenye simu zenu. Naandika. Sitaandika kwa furaha, mnisamehe. Kazi hii ilinipa siku nyingi nzuri na jambo moja baya, na nikikaa kimya ni lile jambo moja ninaloliona.

Sikuanza na michezo. Nilikuwa mpiga chapa katika secrétariat public karibu na soko kuu la Butembo, pale watu wanapoleta barua za kuomba kazi na hati za kuuziana shamba. Mlango wa tatu kutoka kwetu kulikuwa na fundi wa redio, Papa Nzanzu, mwanaume mwembamba aliyevaa koti la baridi mwaka mzima na asiyesalimia mtu kabla hajamaliza chai yake. Asubuhi moja aliingia na karatasi, akatazama vidole vyangu kwanza, uso baadaye. Aliuliza kama naweza kuandika saa mbili mfululizo bila kuongeza kitu kutoka kichwani mwangu. Nikamjibu kwamba barua za wateja huwa naziongezea kidogo, maana nyingi zinahitaji. Hakucheka.

“Hapa ukiongeza, inakufa,” akasema.

Kazi yenyewe ilikuwa hivi. Vijana walikuwa wanacheza mpira kwenye mashine katika zile salle za mtaani, vyumba vyenye televisheni mbili na benchi moja. Majina yote yalikuwa ya wachezaji wa ng'ambo, na vijana walitaka kuona timu zao wenyewe. Papa Nzanzu alikuwa amegundua kwamba ukifungua diski kwenye kompyuta, majina yale yako ndani, yamelala kati ya mistari mirefu ya namba. Unaweza kufuta jina la mgeni na kuandika la jirani yako. Lakini kila jina lina nafasi yake iliyopimwa. Palipokuwa na herufi saba, ziandikwe saba, au chache kisha ujaze na sifuri. Ya nane inamkanyaga anayefuata, na mchezo mzima unakataa kufunguka.

Wanande tunaitwa kwa jinsi tulivyofuatana kuzaliwa, na hilo mashine haikulitegemea. Timu ya kwanza niliyoandika ilikuwa na Kambale wanne, Kasereka watatu, Paluku wawili, Katembo mmoja, na kipa kutoka Kisangani aliyeitwa Jean-Bosco, ambaye hakuenea popote. Ilibidi niulize majina ya utani. Siku ile ile niliandika Kasereka mahali pa herufi saba, diski ikachomwa, yaani mchezo ukanakiliwa juu yake, na televisheni ikabaki nyeusi mbele ya timu nzima iliyokuja kujiona. Papa Nzanzu hakunikaripia. Alinipa kalamu nyekundu na daftari, akaniambia nihesabu majina yote upya kwa mkono, na nisirudi kwenye kompyuta kabla sijamaliza. Ilinichukua siku nne. Tangu hapo hata msalabani makaburini huwa nahesabu herufi.

Mnataka kujua vyombo. Kompyuta yetu ilinguruma kama kinu cha mahindi. Diski tulichoma kwa mwendo wa chini kabisa, na mtu yeyote asipite kwenye mbao za sakafu mpaka imalizike. Umeme ulitoka kwenye groupe, jenereta ya jirani, na jirani alikuwa na desturi ya kuizima bila kuuliza. Diski zilizoharibika hatukutupa. Wakulima wa Vuhovi walizichukua kwa mafungu, wakazitundika kwenye mashamba ya mtama kufukuza ndege. Kule nimewahi kupita nikaona kosa langu la mwaka mzima likimetameta juu ya mlima. Kufungua mashine na kuunganisha ile puce, chipu ndogo inayoifanya ikubali diski zetu, hiyo ilikuwa kazi ya Papa Nzanzu. Alikuwa na mkono mtulivu na mawazo mengine yasiyofaa. Aliamini diski mpya ianikwe juani kabla ya kuchomwa. Tuliharibu mafungu mawili kwa imani hiyo, na mpaka mwisho alisema kosa lilikuwa la jua la Butembo, kwamba ni dhaifu.

Kazi ilipanuka. Tukabadilisha rangi za jezi, mabango ya uwanjani, hata nyasi, maana vijana wa Beni walisema nyasi zile ni za kitajiri mno. Kule Beni, commune ya Ruwenzori, mteja wetu mkubwa alikuwa Muhindo, mwenye salle iliyojaa tangu watoto watoke shule mpaka giza liingie. Askari waliotumwa kutoka mikoa mingine nao walikuja kucheza, wakitaka majina yao yaandikwe, na wengine walihamishiwa mstari wa mbele wa vita kabla diski haijawafikia. Ni Muhindo aliyesema kitu ambacho sisi hatukukifikiria. Alisema wachezaji sasa ni wetu, lakini anayetangaza mpira bado ni mgeni, anasemea puani, na jina la Kambale halijui. Alimfahamu mtu.

Mtu huyo alikuwa Mwalimu Paluku, mwalimu wa shule ya msingi huko Kalunguta. Jumapili baada ya misa alitangaza mechi za vijiji kwa kipaza sauti cha parokia, na watu walikuja kumsikiliza yeye zaidi ya kutazama mpira. Alikuwa mfupi, mwenye kifua kipana, na aliongea na mikono.

Papa Nzanzu hakulipenda wazo hilo la kuweka sauti ya Mwalimu ndani ya mchezo. Nilidhani anaogopa ugumu wake, kwa kuwa sauti ndani ya diski ina kipimo chake kama majina: kipande cha sekunde mbili kikizidi, kinakanyaga kinachofuata. Lakini haikuwa hiyo.

“Majina tunaandika na tunafuta,” aliniambia. “Sauti ya mutu ni kitu ingine. Ukiisha kuikata, hautairudisha.”

Nikaona ni uzee. Nilimwita Mwalimu, akaja Butembo wakati wa likizo ya shule. Tulining'iniza mablanketi kwenye kuta za secrétariat ili pikipiki za barabarani zisiingie kwenye kinasa sauti, tukafunga madirisha, tukangoja mvua iache kupiga mabati. Nilimpa orodha: majina yote, kisha maneno ya mchezo. Goli. Mara ya kwanza. Mara ya pili. Kona. Ametoka nje. Alinieleza kwamba hawezi kusema goli akiwa amekaa kwenye kiti.

“Mimi nikisema goli, nasema na mwili yote, Mama Masika. Ukinifunga mu chumba hivi, itatoka goli ya misa.”

Basi akasimama. Alisema majina kwa saa nyingi, jasho likimtoka chini ya mablanketi. Kulikuwa na winga mmoja wa Ruwenzori aliyeitwa Vitesse, na jina hilo Mwalimu hakuweza kulisema bila kupiga kelele. Nilimwomba apunguze, akajaribu, akashindwa. Katikati ya kazi simu yake iliita. Kinasa sauti kilikuwa bado kinazunguka. Aliyepiga alikuwa mke wake. Akageukia ukutani, na sauti yake ikawa nyingine kabisa, ndogo, ya mtu aliye nyumbani kwake.

“Kavira,” akasema. “Nitachelewa, Kavira. Usinichungie chakula, mule na batoto.” Akacheka kwa kitu alichoambiwa. “Haya, Kavira.”

Kesho yake nilikaa kukata. Kompyuta ilikuwa imejaa, nafasi haikutosha, na nilikuwa nimefundishwa kutobakiza takataka. Nilichukua majina na maneno ya mchezo, nikayapima, nikayabana mpaka yakaenea. Mengine yote nilifuta: vikohozi, kicheko, mvua, na ile simu. Nilifuta kwa kidole kimoja, nikaenda kunywa chai. Nilikuwa na furaha siku hiyo. Diski ilifunguka mara ya kwanza.

Ilienea kuliko kitu chochote tulichowahi kufanya. Butembo, Beni, mpaka kule kaskazini, ukipita karibu na salle unamsikia Mwalimu. Alipofundisha hesabu, wanafunzi walimwomba aseme goli. Alinitumia salamu mara nyingi na mhogo mara moja.

Halafu mauaji ya vijijini, ya wale wenye silaha wa msituni, yalikaribia. Hamhitaji niwaeleze, ninyi nyote mna wenu. Mwalimu Paluku alikwenda shambani asubuhi na watu wengine watano kuvuna maharagwe, kwa sababu shule ilikuwa imefungwa na watoto wanakula kila siku. Wawili walirudi. Walisema waliwaacha wengine wamefungwa kamba, wakipelekwa msituni. Vijana wa kijiji walifuata nyayo mpaka mtoni, na pale waliona kiatu chake kimoja. Hakuna kingine kilichopatikana, mpaka leo. Padri alisoma misa bila jeneza.

Na sauti yake ikaendelea. Muhindo alinipigia akisema hajui afanye nini: wateja wanacheza, mtu anafunga, Mwalimu anapiga kelele za furaha, na chumba kizima kinanyamaza. Wengine walitaka iondolewe, wengine walikuja kwa ajili yake tu. Kabla hatujaamua, watu wa mtaa ule walianza kukimbia, na Muhindo alifunga salle akaenda Bunia na televisheni moja.

Mke wa Mwalimu alikuja Butembo miezi michache baadaye, na mimba iliyokuwa karibu kutimia. Mitaani aliitwa Mama Espérance, kwa jina la binti yake wa kwanza. Alikaa kwenye kiti cha wateja, akakataa chai, akaniambia alichofuata.

“Sauti yake iko mu salle yote,” akasema. “Batoto ya bengine banaisikia. Ni miye tu niko sina.”

Nilimwambia hilo ni rahisi, nikamwekea vipande vyote kwenye kadi ya simu: majina, kona, goli. Alisikiliza mpaka mwisho. Kisha akauliza kama kuna mahali anasema Kavira. Nikauliza Kavira ni nani, ingawa nilijua.

“Ni miye. Bote baniitaka Mama Espérance, hata mama yangu. Yeye tu ndiye aliniitaka Kavira.” Alifikiri kidogo. “Anaita bijana bote, moja-moja. Jina yangu hapana. Unaweza tafuta?”

Nilimwambia nitatafuta. Hapo ndipo nilipopaswa kusema kwamba nilifuta. Baada ya yeye kutoka nilifungua kila kitu, diski za zamani, kadi, hata kinasa sauti chenyewe, nikijua kwamba mimi ndiye niliyefuta na kwamba nafasi ile nilishaiandikia vitu vingine mara kumi.

Nilikwenda kwa Papa Nzanzu. Wakati huo alikuwa haji tena kazini, kifua kilikuwa kinamsumbua, alikaa kwake na koti lake. Nilimweleza kwamba Mama Espérance anataka jina lake, na kwamba kwenye orodha ya majina kuna silabi za kutosha. “Ka” ipo kwenye Kambale. “Ra” ipo kwenye “mara ya pili”, ukikata vizuri baada ya “mara”. “Vi” ipo mahali pamoja tu. Ninaweza kuziunganisha.

“Sasa unataka kumusemesha kitu hakusema,” akajibu.

“Alisema, Papa. Alimuita mara tatu, hapo mbele yangu. Ni mimi nilifuta.”

Alivuta koti lake kifuani, akipumua kwa shida. Sikumwona amekasirika.

“Donc, basi umwambie hivyo,” akasema. “Umwambie alimuita. Hiyo itamutosha kuliko mashine.”

Ndiyo maneno ya mwisho ya kazi aliyoniambia. Alifariki kabla ya mvua kuisha, na nilipokuwa matangani nilikuwa bado sijafanya alichosema. Niliona aibu. Nilifikiri nikimpa mama yule kitu mkononi, hatauliza kilichopotea. Ndivyo mafundi tulivyo: tukiharibu, tunatengeneza kingine haraka, tunasema ni kile kile.

Mnataka technique, basi hii hapa, ndiyo kazi ngumu kuliko zote nilizofanya. Nilichukua “ka” saba kutoka kwa Kambale saba, nikachagua ile tulivu, ya mchezaji anayepasi nyuma. “Ra” ilikuwa nzuri, ya chini, karibu ya upole. Tatizo lilikuwa “vi”. Ilitoka kwa Vitesse, na Mwalimu alikuwa ameipigia kelele. Nilipoipunguza ikawa ya bati. Nilipoirefusha ikatetemeka. Nilipoiacha ilivyo, jina lilianza kwa mtu aliyekaa, likaruka juu kwa mtu aliyesimama, likarudi chini. Kati ya silabi kulibaki mapengo madogo ambayo sikuweza kuyaziba, maana pumzi ya Mwalimu nilikuwa nimeikata yote. Nilifanya siku tisa. Mwisho nilijiambia kwamba ni yeye, na kwamba mke anayelia hasikii mapengo.

Alirudi na mtoto mgongoni, msichana wa wiki chache. Nilimvisha vipokea sauti, nikabonyeza. Aliomba tena. Akaomba tena. Mtoto alilala. Nilikuwa natazama kibodi.

“Ni yeye?” akauliza.

Nikasema, “Ni sauti yake.”

Akasikiliza tena, mkono juu ya sikio.

“Juu ya nini ananikaripia?” akasema. “Hakunikaripiaka hata siku moja.”

Nilieleza kwamba ni mashine, kwamba mashine inapandisha sauti katikati. Alitikisa kichwa taratibu, kama mtu anayekubali maelezo ya daktari. Akauliza kama kweli hakuna nyingine. Nilisema hakuna, na hilo lilikuwa kweli, na ndilo lililonifanya nionekane mkweli. Alinishukuru. Aliweka kadi ndani ya kitambaa, akakifunga mafundo mawili, akaondoka kuwahi gari la Kalunguta.

Nilifanya kazi miaka mingine baada ya hapo, lakini ninyi mlinikuta hivyo, nikikataa kila mradi wa sauti, na mlidhani ni uvivu. Ukaja wakati wa ule ugonjwa wa kuambukizana, watu wakakatazwa kukusanyika, salle zikafungwa. Mashine zikachoka jicho la kusomea diski, moja baada ya nyingine, na vipuri havikuja tena. Wachezaji niliowaandika, wengine wako makaburini, wengine wako kwenye kambi za wakimbizi, wengine walichukua bunduki. Majina yao niliyaandika yakaenea vizuri, bila kukanyagana.

Wiki moja baada ya kufunga meza yangu nilisikia kwamba Mama Espérance amekimbia Kalunguta na watoto, amepanga chumba huku Butembo, upande wa mlimani. Nilinunua sabuni na unga, nikapanda. Nilikuwa nimeamua. Njiani nilikuwa nimepanga maneno: alikuita, Mama, alikuita Kavira mara tatu, alikwambia usimwekee chakula, na mimi nilifuta.

Mlangoni nilimkuta yule msichana aliyekuwa mgongoni. Sasa ana karibu miaka saba, ana kifua kipana cha baba yake. Alikuwa anachambua maharagwe kwenye sinia. Nilimsalimu nikauliza kama mama yuko. Hakuinuka. Aligeuza kichwa kuelekea nyuma ya nyumba, akateremsha sauti mpaka ikawa nzito, akaita.

“Ka. VI. Ra.”

Aliita hivyo hivyo. “Ka” ya chini, akangoja, “vi” akaipigia kelele mpaka mshipa wa shingo ukatoka, akangoja tena, “ra” ya upole. Mapengo yote mawili yalikuwepo.

Kutoka nyuma ya nyumba mama yake akaitika, “Niko,” bila kushangaa, kama mtu anayeitwa hivyo kila siku.

Nilimuuliza mtoto nani amemfundisha kuita hivyo. Alinitazama kama nimeuliza kitu cha kijinga.

“Ni vile papa anamuitaka,” akasema. “Mama anatuwekeaka mu telefone. Wewe ulimujua papa?”

Nikasema nilimjua.

“Alikuwa anaita vile, kweli?”

Nyuma nilisikia maji yakimwagwa, na ndara za Mama Espérance zikija kwenye korido. Nilikuwa na maneno yangu yote, nimeyahesabu tangu bondeni. Mtoto alikuwa ameacha maharagwe, anangoja.

Nikamwambia ndiyo.